Barafu ya Bure ya Meya Tuttle

...na asisogee, kinyozi amemwambia asisogee, wembe uko chini ya sikio, basi Meya Amasa Tuttle akatulia kitini, kichwa kimelazwa nyuma, povu la sabuni mpaka puani, macho darini, akisikia mazungumzo nusunusu, maana huyu Gottlob Henne akishika wembe hushika na domo, mwaka wa kumi na mbili sasa anamnyoa, tangu Tuttle ni muuza barafu tu, hajawa mheshimiwa wa mtu, "...na yule wangu mdogo, Bwana Meya, Lisbet, homa haijashuka tangu Jumapili, chakula hataki hata kukiona, ila barafu yako, Mungu akubariki, anainyonya kama pipi..." anainyonya, kasema anainyonya, si kwamba anawekewa kwenye paji la uso, anainyonya, sema, Amasa, sema sasa, neno moja tu, msimpe, lakini wembe umefika kooni, na mwenye wembe kooni hasemi, kila mtu anajua hivyo, atasema ukiinuliwa...

"Gottlob, mnyoe polepole, kura yangu iko kwenye shavu hilo," akasema Yost, fundi matandiko ya farasi, anayesubiri zamu yake kwenye benchi, "Kura yako uliiuza kwa bonge la barafu, wewe, nyamaza," kinyozi akamjibu, wakacheka wote wawili, na kweli, bonge la barafu ndilo lililompa kiti, barafu ya bure kwa Kata ya Tano kiangazi kizima, gari linapita na watoto wanalifukuza kuokota vipande, na maskini nao wapoe, alisema hivyo jukwaani akatokwa na machozi, ya kweli kabisa, hilo mtu asimnyang'anye, yeye aliyezaliwa chumba kimoja na ndama, aliyeanza na msumeno mmoja na farasi mmoja... Duchess, barafu ilipasuka ziwani Duchess akazama mpaka masikio, na baba akapiga kelele, "Vuta kamba, Amasa! Mkabe!", maana farasi wa barafu huvishwa kamba shingoni, akizama unamkaba mpaka pumzi imjae ndani aelee, ndipo umtoe, naye ana miaka kumi na minne akavuta huku analia, Duchess akatoka hai, anatetemeka, wakamnywesha wiski, na siku hiyo akajifunza kwamba unaweza kumkaba unayempenda ikawa ndiyo heri yake, funzo hilo amelitumia kwa vibarua, kwa washindani, kwa mkewe, na karibu kila mara liliingiza faida... halafu mwaka huu baridi haikuja, Januari ikapita, ziwa limefunikwa na utando ambao hata paka angeuvunja, na ahadi imeshatolewa, imebandikwa kila ukuta, na msimamizi wake akavua kofia akasema, bosi, palipoganda sawasawa ni mahali pamoja tu, lile bwawa la nyuma ya kiwanda cha ngozi, maji yamesimama, lakini wajua kinachoingia mle, alijua, mifereji ya vyoo vya nusu mji, akasema baridi huua kila uchafu, kateni, wekeni ghala la mashariki, ile kidogo ya ziwani iende hotelini kwa wanaolipa... maji yakimwagika hayazoleki, watu husema, yeye aliyazoa, aliyakata kwa msumeno, akayafunika unga wa mbao, akayagawa sadaka...

"...daktari naye, kaja jana na maswali, mnachota maji wapi, maziwa mnanunua kwa nani, nikamwambia daktari, sisi watu wasafi," na barafu hakuuliza, hakuna anayeuliza, nani atakishuku kitu cheupe vile, watoto kumi na tisa tangu Julai, amehudhuria mazishi sita, jeneza moja alilibeba mwenyewe, jepesi mno, na mama wa marehemu akambusu mkono, mkono huu huu... wembe umeinuka, Gottlob anaufuta kwenye kitambaa, sasa, mdomo uko huru, lakini akisema msimpe watauliza kwa nini, ataulizwa amejuaje, na Novemba ni uchaguzi tena, wembe ukarudi, Mungu ashukuriwe, ukashuka shavuni, ukainuka tena, na wazo likamjia taratibu, bila aibu, kwamba mtoto keshanyonya siku nne, ubaya umeshaingia, na wengine je, mitaa mizima, gari litapita leo saa nne kama kawaida, wazo hilo nalo alilisukuma, wembe ukarudi, ukainuka mara ya tatu, ndipo Amasa Tuttle akaelewa, kwa hofu ambayo hajapata kuionja hata ziwani, kwamba si wembe uliomzuia kusema, hata kidogo haukuwa wembe...

"Naona midomo inacheza, Bwana Meya. Ulitaka kusema kitu?"

"Ndiyo," akasema, kwa sauti ile ya jukwaani, changamfu, yenye upendo, "masharubu, Gottlob, upande wa kushoto, yapunguze kidogo," na kinyozi akasema vema akachukua mkasi, na Meya akabaki amelala palepale, povu bado shingoni, akimchukia mtu aliyetamka maneno yale.