Weupe Kando ya Moyo

...lakini si moyo, moyo uko mahali pake, umekaa vizuri kabisa, na mitulinga yote miwili imelingana, maana yake hakujipinda, alisimama wima kama askari wa kambi ya Kanombe, Bertrand wa mashine amesema alimwambia vuta pumzi mara moja tu naye akavuta akaishika, watoto wa miaka minne hawafanyi hivyo, wanalia, wanageuka, mama anawashika mikono na vidole vyake vinaingia kwenye picha ya eksirei, nimesoma picha za vidole vya akina mama wa mji huu kuliko za mapafu ya watoto wao, lakini huyu anajua kushika pumzi, babu yake humfundisha kila jioni, huwezi kughani majina ya ng'ombe kwa pumzi fupi... basi nianze tena, polepole, kama sijui ni nani, jina, Ntare, ndiyo, alama ya upande ipo, hesabu mbavu, anza juu ushuke, usikimbilie pale macho yanapotaka kwenda, ndivyo ninavyowaambia wanafunzi wangu, doa linalopiga kelele litakungoja, angalia kwanza pembe zilizonyamaza, na mimi nimeziangalia zote, mabega, ngozi, pembe za chini karibu na ini, zote safi, sasa sina mahali pengine pa kutazama ila pale, upande wake wa kulia, ambao kwangu ni kushoto kwa sababu picha hukukabili uso kwa uso kama mtu, pale kwenye mzizi wa pafu, weupe, umevimba, una kingo za mviringo, na juu yake kidogo pafu lenyewe limeingia ukungu.

Ingekuwa ile tezi ya utotoni, ee Mungu, ingekuwa ile inayojitandaza kando ya moyo wa mtoto mchanga na kuwatisha wauguzi, nimewaokoa wangapi na sindano za bure kwa kusema hii ni tezi tu, mama, itanywea yenyewe, nenda nyumbani, na mama anacheka huku analia, lakini Ntare si mchanga, tena tezi ile haikai huku, haina umbo hili, na picha ya ubavuni haidanganyi, inaonyesha duara lenye tundu katikati kama donati, zile ni tezi za kifua kikuu, mwanafunzi wa mwaka wa kwanza angeliona, na mimi majuma yote haya nilisema ni pumu, ni vumbi la barabara ya Kabeza, ni msimu, suruali ikamteleza kiunoni nikasema anarefuka... kinyozi hajinyoi, wanasema, wanasema kwa kucheka.

"Dogiteri." Bertrand kachungulia, Kiswahili chake cha Bujumbura hakijamtoka hata baada ya miaka yote hii, "ile ya mutoto wako umeshaona? Muzee iko nauliza kama banaweza kwenda." Bado. "Nimwambie nini?" Mwambie bado, Bertrand. "Sawa, lakini ba maman bengine bako nangoja," na mlango haukufungwa sawasawa, unabaki wazi kidogo, na sauti ya baba inaingia kwa upenyo huo, baba yangu, mzee Rutayisire, kwenye benchi pale nje na mjukuu wake magotini, "rudia, mwana, usimeze neno, litoe, sogea hapa usikie namna linavyotoka kifuani," na Ntare anarudia, mwenye pembe zinazofungua mlango wa alfajiri, hakimbii mvua, mvua ndiyo humkimbia, na baba anacheka, na baada ya kicheko kunatulia kidogo, utulivu ninaoujua, anameza kikohozi.

Atapona. Hilo niliseme mwanzo, nijiambie mimi kwanza, mtoto atapona, ni vidonge vya kuyeyusha kwenye maji, vina ladha ya matunda, wengine huomba waongezwe, miezi michache na weupe ule utasinyaa, nimeona ukisinyaa mara nyingi, kwa nini basi siinuki kwenda kuwaambia... kwa sababu picha ya mtoto haiishii kwa mtoto, mtoto wa umri huu hajiambukizi mwenyewe na ni nadra amwambukize mwingine, yeye ni mwisho wa njia, unageuka unaifuata ulikotoka hadi kwa mtu mzima, na kila nikikuta picha kama hii humwita mama nikamuuliza, dada, nyumbani kwako nani mkubwa anakohoa, na mama hutazama sakafu, wote hutazama sakafu, nilidhani ni aibu, kumbe ni mahesabu ya mapenzi, wanatafuta namna ya kutolitaja jina la mtu wanayempenda, na leo sakafu naitazama mimi.

Baba anakohoa wakati ndege zinaposhuka. Nimejua hivi sasa hivi, au nilijua sikutaka kujua, nyumba yetu iko chini ya njia ya ndege, ikipita kila kitu kinanguruma, vikombe, madirisha, na baba husimama akatoka hadi kwenye ua wa miyenzi, minyaa yetu ya utomvu mweupe, kana kwamba anaenda kuitazama, mzee wa watu apende ndege kiasi gani, anarudi anafuta mdomo kwa kitambaa, anakikunja ndani ndani... na kikombe, kile kikombe chake cha bati cha peke yake, alianza lini kumkataza Ntare asimalizie maziwa yake, sisi kwetu Karagwe tulipigania masalio ya babu, ilikuwa heshima na ilikuwa utamu, na yeye akawa anamwaga kilichobaki, anaosha kikombe mwenyewe, anakiweka juu ya kabati asikokifikia mtoto, nami nikamtania, baba umekuwa mzungu siku hizi, akasema redio imetukataza kunywa pombe watu wengi kwa mrija mmoja, mimi natii redio, tukacheka wote. Hakutii redio. Alikuwa anamkinga mtoto. Alijua ana kitu kifuani, na akafanya kila alichodhani kinatosha, sahani yake, kijiko chake, taulo lake, alilinda kila kitu ambacho mdomo unagusa, halafu jioni akifunga dirisha la chumba wanacholala wote wawili kwa ajili ya baridi, akamvuta mtoto uso kwa uso, akamghania ng'ombe mmoja baada ya mwingine kwa pumzi yake yote, na pumzi ndiyo njia, baba, kikombe hakikuwa na neno, ni pumzi... nani angemwambia, mimi ndiye daktari wa nyumba ile.

Ng'ombe wenyewe hawapo, hilo nalo, walibaki Karagwe, ng'ambo ya mpaka, mwaka ule aliporudi kutoka ukimbizini, alivuka daraja la Rusumo na fimbo tu, na wale wote ishirini na kitu anawajua kwa majina na sifa na rangi za matumbo yao, akifa wanakufa, ndiyo maana miezi hii alikuwa na haraka, amfundishe mtoto ng'ombe huyu leo, kesho yule, nilidhani ni uzee, kumbe alikuwa anakimbizana na kifua chake, alitaka kundi lipate mchungaji kabla... kikulacho ki nguoni mwako, hapana, methali hiyo ni ya adui, siitaki, hapa hakuna adui, kuna mzee anayempenda mtoto kuliko alivyotupenda sisi.

Naweza kusema ni shule. Ni rahisi, neno moja tu, baba, ameupata shuleni, watoto wamejazana mle, ataamini, atailaani shule hadi jioni, nami nitamwambia sheria inataka wote nyumbani tupigwe picha, mimi na wewe, ni kawaida tu, atapata dawa zake na hatajua kamwe njia ilianzia wapi, nani atadhurika, uongo mdogo wa binti kwa baba yake, naye alale kwa amani... ila alale wapi, usiku wa leo atalala kitanda cha pili chumba kilekile, nitamwondoaje nisimwambie sababu, nitamzuiaje kughani,

"Dogiteri, pardon," Bertrand tena, sasa ameingia kabisa na anazungumza chini kana kwamba tuko kanisani, "muzee nanituma. Anauliza kama hii mashini inaweza piga na mutu mukubwa." Mtu mkubwa gani? "Yeye. Ameshafungua na vifungo vya shati. Nimemwambia angoje wewe," na amesimama anangoja nimpe jibu.

Kwa hiyo anajua. Aling'ang'ania kumleta yeye mwenyewe leo, akavaa koti lake la misa, sikujiuliza mtu huvaa koti la misa kwa kikohozi cha mtoto, hakuja kumsindikiza, amekuja kusikia hukumu, anataka picha mbili ziwekwe pamoja aone kama weupe wake na wa mtoto ni mmoja, na nikimwambia shule atatikisa kichwa kwa adabu, ahsante mwanangu, na atabaki na jambo lake peke yake kama alivyobaki nalo tangu alipoanza kuosha kikombe, hapana, hilo sitamfanyia, nitamwambia mtoto atapona, hilo kwanza, halafu nitakaa kando yake kwenye benchi, bega kwa bega, na akiniuliza ni mimi niliyemwambukiza, nitasema ndiyo baba, ni wewe, hukujua, na nitakuwa nimeshamshika mkono, kwa sababu namjua, atataka kusimama aende mahali asipomdhuru mtu, na dawa zake sijui kama zitamkuta kwa wakati, ugonjwa wake ni wa zamani, naiogopa picha yake kabla haijapigwa... "Dogiteri?" Nakuja, Bertrand, nakuja, na bado nimeketi, na pale nje kughani kumekatika, halafu sauti ndogo, Sogokuru, endelea, Sogokuru, na babu yake, shati wazi, anangoja picha, haendelei.