Ujima Langoni

Shoka liliteleza kwenye shina la muwa, likagonga jiwe, na Bibi Kamado akalitukana jiwe hilo pamoja na babu yake aliyeshindwa kuling'oa. Akajinyoosha polepole, mkono mmoja kiunoni. Miwa ilisimama mbele yake kama ukuta, majani yakisuguana katika upepo wa kaskazini kama watu wanaosengenya. Nyuma yake kulikuwa na lundo alilokata tangu asubuhi. Lilikuwa dogo hadi likamtia haya.

Ng'ambo ya uzio wa waya kipaza sauti cha kambi kilikuwa kikihesabu, na askari wakiitikia. Mazoezi ya viungo.

"Dada," alisema Choei, mdogo wake, aliyekuwa amesimama mwisho wa tuta akivuta sigara. "Kiwanda kinazima mitambo Jumamosi."

"Najua."

"Na makubaliano yetu unayakumbuka."

"Choei, mimi ndiye niliyekufundisha kwenda chooni. Usinifundishe kukumbuka."

Shamba lile lilikuwa lao wawili, urithi wa mama yao. Serikali ilitaka kulikodi ili iipanue kambi. Choei, ambaye kila siku aliendesha basi la kupeleka vibarua huko kambini, alitaka kuwapa. Dada yake hakutaka. Walibishana hadi sikukuu ya makaburi, siku ambayo jamaa hukaa mbele ya kaburi la wazazi wakala pamoja na waliolala ndani, na hapo, mbele ya mama, wakapatana: msimu huu uamue. Kamado akiivuna miwa yote na kuifikisha kiwandani, shamba litabaki shamba. Ikibaki imesimama, Choei atapiga muhuri mkataba wa kukodisha na waya utasogezwa.

Zamani lisingekuwa jambo la kujadili. Katika kisiwa hiki cha kusini mwa Japani miwa haikatwi na mwenye shamba peke yake. Inakatwa kwa ujima: leo wote kwako, kesho wote kwangu, na siku ya mtu hulipwa kwa siku ya mtu. Fedha haiingii hapo, na asante haitoshi. Mgonjwa hulipa kwa kupika, na mfu hulipiwa na mwanawe. Lakini kambi ilipokuja, ujima ulipasuka kama chungu. Nusu ya watu walipata kazi ndani ya uzio. Nusu nyingine, Kamado akiwa mmoja wao, waliketi barabarani mbele ya lango, na mabango. Watu waliokatiana miwa kwa miaka arobaini sasa wakikutana dukani kila mmoja anageuka kuangalia vitunguu. Katika kundi la ujima la Kamado wengine wote waliingia kambini, akabaki Fumi tu, jirani yake, ambaye goti lake moja lilikuwa la chuma.

"Lakini Dada, meli za China huzioni?" Choei alisema. "Wavuvi wetu wanafukuzwa baharini. Hao wakija kesho, unadhani watakupigia hodi?"

"Wa kwetu walipokuja walipiga hodi?"

Choei akatupa sigara. Hapo alijua amefungulia bomba.

Bibi Kamado hakusoma shule ya maana, ila alisoma magazeti hadi wino ukamwingia vidoleni, na kumbukumbu yake ilikuwa ndefu kuliko ya bunge. Alizaliwa vitani. Jeshi la wakati ule lilifika kisiwani likasema limekuja kuwalinda. Likachukua mashamba, likaamuru miwa ikatwe mbichi, likalaza hapo uwanja wa ndege. Ndege za adui zikaja kuufuata ule uwanja. Askari walikula viazi vya watu, watu wakala mizizi, na malaria ikawamaliza wasioweza kula hata mizizi. Kaka zake wawili wamo katika kaburi lile la sikukuu. Wamelindwa.

Vita vilipokwisha, katiba ikasema Japani haitakuwa na jeshi tena. Maneno mazuri! Kisiwa chenyewe kilibaki mikononi mwa Wamarekani walioshinda, kwa hiyo watu wake waliyasikia maneno hayo redioni, kama mtu anayesikia harufu ya karamu ya jirani. Ila tangu utotoni Kamado amewatazama watu wa Tokyo wakiyazunguka kama paka na sufuria ya moto. Kwanza wakaunda polisi wa akiba. Polisi wakageuka kikosi cha kujilinda. Vifaru vikaitwa magari maalumu. Kifaru, jamani, gari maalumu! Tukaambiwa kikosi ni cha mafuriko na matetemeko. Kisha kikaweza kwenda ng'ambo. Kisha kikaweza kumpigania rafiki. Kisha wakataka uwezo wa kupiga ngome za adui kwake mwenyewe, na jina hilo lilipowatisha watu, wakaliita uwezo wa kujibu. Hawakuifuta hata herufi moja ya katiba. Waliibeba tu, kidogo kidogo, kama mwizi wa mchanga anavyobeba ufuko. Na hapa kisiwani ilikuwa hivyo hivyo: rada tu, bibi, rada tu. Halafu ghala la makombora. Halafu ghala likafunikwa udongo na kuoteshwa nyasi, na juu yake mbuzi hawaruhusiwi.

Alhamisi mchana walikuja shambani wawili wa kambini, kofia mkononi: Kapteni Hirose, mtu wa Tokyo, mwenye tabasamu lililopigwa pasi, na Sajini Onodera, kijana mpana wa mikoa ya kaskazini.

"Bibi," alisema Hirose, "tumesikia una shida ya watu. Vijana wangu ishirini, kesho siku nzima. Ni msaada tu. Mpiga picha wetu atachukua picha mbili tatu kwa jarida la kikosi."

Fumi, aliyekuwa akiparua majani ameketi juu ya debe, aliacha kuparua. "Umesikia? Kesho kutwa uso wako utabandikwa pale langoni: hata Bibi Kamado anatupenda."

"Kataa basi," Choei akasema haraka. "Si ndicho unachokijua? Kataa."

Kamado akamtazama mdogo wake, akaona anavyolitaka neno hilo. Angekataa, miwa ingebaki na kambi ingelipata shamba kwa kiburi chake. Angekubali, kambi ingeupata mdomo wake: nani humsema aliyemvunia? Alipangusa shoka kwa kitambaa cha kichwani.

"Njooni," alisema. "Lakini kwangu haingii msaada. Njooni kwa ujima."

"Bila shaka, Bibi, kwa ujima." Kapteni alikwishaangalia saa yake.

"Mpiga picha abaki huko huko. Mtakula chakula changu. Na siku zenu nitazirudisha. Ndiyo au hapana?"

"Ndiyo, ndiyo, Bibi."

Kamado akaingia kibandani, akatoka na chupa ya pombe ya mchele ya kisiwani na kikombe kimoja. Alikunywa funda, akampa Hirose. Hirose alidhani ni ukarimu, akakimaliza kwa furaha na kusifu ladha. Choei alifumba macho. Sajini Onodera alimtazama mkubwa wake, kisha kikombe, kisha ajuza yule, akafungua mdomo, akaufunga.

Ijumaa askari waliingia miwani kwa kelele. Wengi walikuwa watoto wa mjini, walikata kama wanaopigana na nyoka, na Fumi kutoka kwenye debe lake aliwaandama: "Wee mwenye masikio! Muwa haukukosea kitu, usiuadhibu! Na wewe mrefu, inama, au mama yako alikumeza na ufagio?" Vijana wakacheka, wakazoea. Kufikia adhuhuri walikuwa na mwendo: mmoja anakata, mmoja anaparua, mmoja anafunga matita, na lori aliloazima Choei linajaa na kuondoka na kurudi. Usukani ulikuwa mkononi mwa Choei mwenyewe. Aliendesha kama anayesindikiza maiti, lakini aliendesha. Makubaliano ni makubaliano.

Wakati wa chakula Onodera alikuja kuketi karibu na Kamado, na matonge ya wali na kipande cha nyama ya nguruwe iliyochemshwa.

"Kati ya hawa wote wewe ndiye pekee uliyezaliwa shambani," Kamado alimwambia.

"Mpunga, Bibi. Lakini sasa hakuna. Bahari ilikuja juu, ikachukua nyumba na shamba. Nilikuwa darasa la nne. Askari walichimba tope siku nyingi, wakamtoa nyanya yangu. Alikuwa ameshakufa, wakamfuta uso kabla ya kumfunika. Nikasema nikikua nitakuwa hao."

"Na ukawa."

"Nilipoingia nilipewa koleo. Nilichimba kwenye maporomoko ya udongo, nilibeba wazee kwenye mafuriko." Alitafuna. "Sasa nimehamishwa idara."

"Umepewa nini badala ya koleo?"

"Siruhusiwi kusema, Bibi."

"Basi kula."

Akala. Baada ya muda akasema kwa sauti ya chini, "Kwetu pia tunao ujima, na ahadi yake hufungwa kwa kikombe kimoja. Kikombe kile, Kapteni hakujua maana yake."

"Wewe uliijua. Mbona hukumwambia?"

Onodera akaokota punje ya wali iliyomwangukia gotini, akaitia mdomoni, akarudi kazini.

Jua lilipoelekea baharini shamba lilikuwa tupu, vishina tu na majani yaliyotapakaa, na kiwanda kikapokea shehena ya mwisho kabla mitambo haijazimwa. Choei alishuka kwenye lori, akavua kofia. "Shamba ni shamba," alisema. Halafu, kwa sababu alikuwa ndugu, akaongeza, "Ila utaishi vipi na watu?"

Alikuwa na haki ya kuuliza. Jumatatu, Kamado alipofika mbele ya lango na kiti chake cha plastiki, wenzake wa mabango walisogea, si sana, kiasi cha nafasi ya mtu mmoja pande zote mbili. Fumi, yeye aliyekula wali ule ule, aliangalia mbele.

"Tunaambiwa vijana wana mikono laini," mmoja alisema.

"Miwa yake ilikuwa mitamu, itakuwa kwa jasho la serikali," mwingine akaitikia.

Kamado aliinuka. Alikunja kiti, akarudi nyumbani. Watu wakasema basi, kambi imempata.

Asubuhi ya pili alirudi bila kiti. Alikuwa amevaa buti za shambani na kitambaa cheupe kichwani, na mundu ulionolewa umechomekwa kiunoni. Alivuka barabara hadi katikati ya lango.

"Bibi, leo umekosea upande," alisema mlinzi, ambaye alizoea kumwamkia.

"Sijakosea. Fungua, nimekuja kazini."

"Kazi gani?"

"Nyasi zenu pale juu ya ghala zimefika magotini. Nina siku ishirini humu ndani. Leo ni ya kwanza."

Mlinzi alipiga simu. Kapteni Hirose alikuja akifunga kifungo cha kola.

"Bibi, tafadhali. Hakuna deni lolote. Ule ulikuwa msaada."

"Msaada lilikuwa neno lako la kwanza. La pili lilikuwa ndiyo, ukalinywea. Nimekuja kwa hilo la pili."

"Lakini hapa si mahali pa... Bibi, hili ni eneo la usalama."

"Na shamba langu lilikuwa la nini? Nyie mliingia. Mlikuta nimefunga?" Hakuwa anapiga kelele. Waliomfahamu walijua hiyo ni mbaya zaidi. "Tangu niko msichana mnabadilisha majina, nami nasikiliza. Kifaru si kifaru. Jeshi si jeshi. Kupiga ni kujibu. Hayo yalikuwa maneno yenu, mliyasema huko kwenu. Hili ulilisema shambani kwangu, mbele ya Choei na Fumi. Hili hulibadilishi. Nikiwa na deni kwenu mimi ni mtu wenu. Nikilipa, ninyi ni majirani zangu, na jirani nitamwambia usoni ninachokiona. Nipishe nilipe."

Hirose alifuta paji la uso. Kwa waandamanaji alikuwa na utaratibu: onyo, kipaza sauti, polisi wa mjini. Kwa kibarua aliyekuja kulipa siku zake hakuwa na kitu. Alitoa simu, akasogea pembeni.

Ng'ambo ya barabara mabango yalikuwa yameshuka. Fumi alisimama, goti la chuma likalia.

"Kamado! Siku ishirini peke yako? Utakufa hujafika ya saba, halafu nani alipe, huyu Choei?"

"Unasemaje basi?"

"Si nilikula ule wali? Nimo." Akavuka, kwa mwendo wake wa kuchechemea, bila mundu, mkononi ana mwavuli tu. Akasimama kando ya mwenzake, akauelekeza mwavuli kwenye nyasi za kilima kile, kama mtu anayechagua tuta lake.

Wakati huo msafara ulikuja kutoka bandarini: malori makubwa ya kijani, migongo mirefu imefunikwa turubai na kufungwa kamba. La kwanza lilisimama hatua chache nyuma ya mabibi wawili. Aliyekuwa kwenye usukani ni Onodera.

"Ndiyo, bwana," Hirose alikuwa akisema kwenye simu, mgongo umenyooka kana kwamba aliye upande wa pili anamwona. "La, bwana, haandamani. Hapana, hana bango." Akasikiliza. "Anataka... anataka kufanya kazi, bwana."

Kwenye simu zilisikika karatasi zikipinduliwa. Huko waliko, mtu labda alikuwa anafungua kitabu cha kanuni.

Onodera aliwatazama wale wawili, wa rika la nyanya yake, kupitia kioo. Hakuna aliyempa amri. Alizima injini. Wa nyuma yake akasubiri kidogo, naye akazima, kisha wa nyuma yake, mmoja mmoja hadi mwisho wa mstari, mpaka ikasikika sauti ya nyasi juu ya ghala, ndefu, zikilazwa na upepo na kuinuka.