Dalali Aliyekaribishwa Mara Tatu

Kabla hakujapambazuka, kifuniko cha jiko la chuma kiligonga taratibu, na Taavi Hyrkäs akajua mkewe ameshaamka kuwasha kuni. Akageukia sauti. Hakumwona Hilja, aliona ukungu tu.

"Waambie leo," Hilja alisema, akimfunga vifungo vya koti.

"Nikiwaambia, kesho sina kazi."

"Na ukianguka mbele yao?"

"Leo mimi dalali wa mahakama, mama. Madalali wanaangusha wenzao."

Hilja hakucheka. Watu wa Helsinki walimjua mumewe kwa sura tu: mlevi wa filamu hii, shemasi mkali wa ile. Hakuwahi kupewa kuwa bwana harusi, lakini hakukosa kazi. Sasa taa za studio zilikuwa zimemla macho, na siri hiyo walikuwa nayo wawili.

Katika onyesho la siku hiyo, dalali alikuja kuchukua ng'ombe wa mjane. Alitakiwa aingie bila hodi, ashike birika na kujimiminia kahawa kwa ufidhuli. Mjane alikuwa Orvokki, binti mgeni kwenye filamu.

"Mkanda umebaki wa mara moja tu," alisema Sarkia, mwongozaji. "Vita vimekwisha, mikanda haijarudi. Mzee, usiniangushe."

Kamera ikaanza kunguruma. Taavi alikuwa amekariri njia tangu jana, lakini watu wa taa walikuwa wamesogeza meza. Paja lake likagonga kona. Akanyoosha mkono kutafuta birika, akashika hewa. Birika lilikuwa linatoka mvuke, na vidole vyake vilikuwa vinalikaribia ubavuni, penye moto.

Orvokki aliuona ule mkono. Akalinyanyua birika.

"Karibu kahawa, bwana," akasema, maneno ambayo hakuandikiwa.

Kwa desturi ya kwao, mgeni mwenye adabu hukataa mara mbili kwanza, Taavi akakumbuka.

"Sikuja kunywa."

"Kunywa kidogo tu."

"Nimekuja kwa ajili ya ng'ombe."

"Ng'ombe utamchukua. Kunywa kwanza."

Mara ya tatu hata dalali hana pa kukimbilia. Akakaa. Orvokki akamwekea kikombe mkononi, akamfumba vidole kimoja kimoja. Taavi akanywa mpaka mkanda ukaisha.

Sarkia akamsogelea, akapitisha kiganja mbele ya macho yake. Hayakupepesa.

"Tangu lini?"

"Tangu theluji iliyopita."

Sarkia alishusha kiganja. "Hii tutaimalizia pamoja. Nyingine sitakupa, mzee. Utaungua." Kisha akamshikia koti mwenyewe, mpaka mikono yote miwili ikapita.

Orvokki akamsindikiza nyumbani. Hakumshika, alimpa mkono wake aushike, akilalamika kwamba barabara ina barafu na yeye ni mwoga wa kuteleza.

"Nimekuponza, mzee," alisema mlangoni.

"Ningeungua mbele ya watu. Afadhali hivi." Taavi hakuuachia mkono wake. "Jumapili tunakuwapo, mimi na Hilja. Uje tena, binti."