Hapana ya Mincho

Kimya kingi hakina mshindo. Kina maji tu. Yalianza kuingia jikoni kwa Stoyna Jumanne asubuhi, akiwa anachoma pilipili hoho za kuweka akiba ya majira ya baridi. Yalitoka kati ya vitufe vya kompyuta ya mpwa wake, Zlatina, yakinuka tope la bwawa. Stoyna alikunja zulia, akaendelea kumenya hoho.

Zlatina alikuwa ameikuta filamu kwenye ghala la chini ya jengo lao, nyuma ya mitungi ya kabichi, katika kopo lililoandikwa "Ufugaji wa Nguruwe, Sehemu ya Pili". Kwa miaka sitini hakuna aliyetaka kujua sehemu ya pili. Ilipigwa mwaka 1965 kijijini kwao, kabla kijiji hakijazamishwa chini ya maji ya bwawa. Kisha Mincho, babake Stoyna, alikataa kutoka nyumbani kwake, maji yakamkuta kitandani akafa, na wakubwa wakaamuru nakala zote zichomwe. Hii moja ikabaki. Zlatina aliipandisha mtandaoni. Wapenzi wa filamu za kale wa nchi za mbali wakaitafsiri, wakaisambaza. Kila mtu alipoitazama, kikombe kimoja cha maji kiliingia jikoni.

Watazamaji walipofika elfu mbili, akaingia Mincho.

"Umezeeka, mwanangu," alisema.

"Na wewe umelowa. Usikalie kiti cha kitambaa."

Alikalia ndoo, akaitazama filamu. Ndani yake, katika ukumbi wa kijiji, ofisa aliuliza kama wanakijiji wanakubali kuhama. Mincho, safu ya mbele, alishusha kichwa na kukiinua, mara mbili. Kwetu hiyo ni hapana. Hata mtoto mchanga aliyeshiba hukataa hivyo. Chini ya picha wale wageni waliotafsiri walikuwa wameandika: "Ndiyo, kwa moyo mkunjufu."

"Nani kanisemea hivi?" aliuliza Mincho, Zlatina alipomsomea.

Zlatina aliwaandikia wageni. Kesho yake walijibu kwamba wanashukuru, ila kila mwenye macho anaona mtu huyo amekubali. Watu mia tatu walikuwa wamesifu utiifu wake.

"Waandikie tena," alisema Mincho.

"Nimeandika mara saba, babu. Wamenifungia."

"Babu gani mwenye nywele nyeusi kuliko mjukuu wake?" alisema Stoyna, bila kugeuka.

Mlango uligongwa. Alikuwa Vangel wa ghorofa ya chini, na shati limemganda mgongoni.

"Bi Stoyna, dari yangu inavuja na masufuria yameniishia."

Stoyna alimpa beseni na hoho sita. Vangel alimsalimu Mincho, akalalamikia magoti yake kidogo, akashuka.

Mincho alikamua mkono wa koti.

"Lakini mimi nilisema kwa mdomo. Nilisema hapana mpaka mbwa wa nje wakabweka. Sauti yangu iko wapi?"

Zlatina alimtazama shangazi yake. Miaka ile Stoyna alikuwa mkataji wa filamu studioni, mjini Sofia, na hakuna aliyemshinda kwa mkasi.

"Niliikata," alisema Stoyna. "Yako na ya ukumbi mzima. Mkuu wa studio aliniamuru. Wiki ile ile nikapewa funguo za nyumba hii."

"Na kichwa?"

"Alisema sauti. Kichwa hakukitaja, nami sikumkumbusha. Nikaficha nakala moja. Nilijua mtu wetu yeyote akikiona ataelewa."

"Na nani wetu amekiona?"

"Hakuna."

Mahali fulani mbali mtu alibonyeza tena. Maji yakapanda kidogo kwenye miguu ya meza. Wageni hawakubadilisha neno.

"Basi niombe radhi, mwanangu," alisema Mincho. "Walau wewe. Nikalale, nisirudi tena."

Stoyna alimenya hoho moja, akainyunyizia chumvi, akaiweka mbele ya babake pamoja na kipande cha jibini.

"Kula, inapoa," alisema. "Siombi radhi."