Abaki Alipo

Bwana Mizani, mkaguzi wa vipimo wa serikali, alikuwa mtu wa kunyoosha mambo mpaka yavunjike. Alipokuta mizani ya mchinjaji wa sokoni inapunja wateja, aliifunga kwa lakiri bila kuuliza mchinjaji huyo ni shemeji ya nani. Kumbe alikuwa shemeji ya mkuu wa idara. Wiki haikuisha, akaletewa barua ya uhamisho: aende kituo cha mpakani, huko hata kunguru hapiti, "kwa maslahi ya umma".

"Umma gani?" mkewe alifoka. "Mimi na wanangu si umma?"

Mkewe alikuwa muuguzi. Kwa miaka mingi serikali iliwaweka mmoja mashariki, mwingine magharibi, ndoa ikaendeshwa kwa simu. Kila baba alipokuja likizo, kitinda mimba wao alimpokea mlangoni kwa swali lilelile: "Unaondoka lini?" Ndiyo kwanza wamepata kukaa chini ya paa moja, leo tena mpakani! Mama wa watu akamburuta mumewe hadi kwa wakili, wakafungua kesi kwamba uhamisho ule ni adhabu, na mtu haadhibiwi bila kusikilizwa.

"Mzee, usiende kuripoti kule," wakili alimwonya. "Tulia hapahapa."

Atulie wapi, na jinsi anavyoogopa kuitwa mtoro! Wakili alipompa kisogo tu, alipanda basi, akaripoti mpakani, akasaini kitabu cha mahudhurio, kisha akaomba ruhusa ya kuja kwenye kesi yake. Mkewe alidhani yuko ziarani akikagua pampu za mafuta, naye hakumsahihisha.

Jaji alikuwa mama mwenye miwani minene na subira nyembamba. Aliwasikiliza mawakili, akaandika, akasoma: "Hadi shauri hili litakapoamuliwa, mwombaji abaki alipo."

Mke akapiga kigelegele. Hapo wakili wa serikali akainuka polepole.

"Tunashukuru, Mheshimiwa. Alipo ni mpakani. Ameripoti juzi, saini yake hii hapa."

Kigelegele kikakwama kooni. "Pampu za mafuta, eeh?" mke alimnong'oneza mumewe, na mnong'ono wenyewe ulisikika hadi uani.

Wakili wao alijishika kichwa. Jaji akasema anayetaka amri ibadilishwe alete maombi, tarehe atapangiwa mwakani. Kesi inayofuata!

Bwana Mizani akanyanyuka, kichwa chini. Mkewe akamvuta shati, mume akarudi kukaa kwa kishindo.

"Unakwenda wapi?"

"Mpakani. Si ndiyo amri?"

"Amri imesema ubaki ulipo. Sasa hivi uko wapi?"

"Kwenye benchi."

"Basi baki."

Ukimpa mtu kama yule sheria ya kufuata, umempa sukari. Karani alimwambia atoke. Akajibu kwa adabu kwamba anaogopa kudharau mahakama. Askari alimwambia asogee. Akauliza kama amri imefutwa. Ikaja kesi ya shamba, ikaja ya talaka. Wenye talaka waliwatazama wawili wale waliobanana benchini, wakaomba kesi yao iahirishwe. Mchana mfagizi akafagia kuwazunguka. Mlango wa mahakama haukufungika watu wakiwa ndani, na jaji hakuweza kwenda kula.

"Hivi yule mwombaji bado yupo?"

"Yupo alipo, Mheshimiwa," karani alijibu.

Jaji akaficha uso kwa faili, mabega yakimtikisika. Kisha akawaita mawakili wote wawili na kuiandika amri upya: mwombaji abaki katika kituo chake cha zamani.

Walirudi nyumbani bila kusemeshana, maana pampu za mafuta zilikuwa hazijasameheka. Kitinda mimba alikuwa mlangoni.

"Baba! Unaondoka lini?"

Bwana Mizani akakohoa. "Kwa mujibu wa amri, hadi shauri litakapo..."

Mkewe akamfinya ubavuni. Mkaguzi akamtazama mtoto, akachuchumaa.

"Siondoki, mwanangu."

Hilo hakulipima popote. Alilisema tu, akaingia ndani, akavua viatu.