Mlango wa Miaka Mia Nne

Kibao kilichopigiliwa kwenye ukuta wa nyumba ya sala kilitangaza, kwa lugha nne, kwamba mlango ule ulikuwa na umri wa miaka mia nne, na kwamba ni kosa la jinai kuukwaruza, kuuvunja, kuubadilisha au kuugusa kwa chombo chochote. Bibi Komeo, mtunzaji wa nyumba ile, alikisoma siku kilipowekwa, akakirudia, kisha akacheka hadi akashika mbavu.

Mlango ule ulikuwa na umri wa miaka thelathini na mmoja. Alijua, kwa sababu aliyeuchonga ni mumewe, uani kwao, na mbao mbili za kati zilitoka kwenye kitanda chao wenyewe. Mbao zilipungua, fundi akatazama huku na huku, macho yake yakatua chumbani. Wakalala sakafuni wiki tatu kwa ajili ya nyumba ya Mungu. Hilo kibao hakikulitaja.

Marehemu fundi alikuwa na mikono ya dhahabu na mdomo usiojua kupumzika. Siku ya kuutia mlango alikuwa akisimulia kisa kirefu, na kila kisa kilipofika patamu, kazi iliharibika kidogo. Kitasa alikifunga juu chini. Fremu aliikata fupi kwa upana wa kidole. Alipomaliza kisa na kugundua mambo yote mawili, watu walikuwa wameshaanza kumpongeza, naye hakuwa mtu wa kuwakata watu pongezi zao.

Tangu hapo mlango ule ulikuwa na masharti kama mchumba wa watu. Ufunguo uliingia meno yakitazama juu na kuzungushwa kinyume. Kisha ilibidi uuvute mlango kwako kwa pete ya chuma iliyoning'inia juu yake, uuinue kwa goti chini ya ubao wa kati, na ukishasikia "ka!" ndipo uusukume kwa nyonga. Ukianza kwa kusukuma, ulimi wa kitasa unabana, na kadiri unavyosukuma ndivyo unavyojifungia nje. Waumini walijaribu mara moja moja, wakachoka, wakamwachia mkewe fundi kazi hiyo. Ndivyo alivyopata jina la Bibi Komeo.

"Nitarekebisha kesho," mumewe alisema jioni ile. Kesho hiyo ilidumu miaka thelathini, mpaka fundi akafariki bila kuifikia.

Wageni wa kwanza walikuwa wawili, wenye adabu, walioomba maji na kuketi nje hadi sala ikaisha. Wakafuata wanne, kisha basi zima, kisha mabasi matatu na mtu wa kuyaongoza. Mtu huyo alikuwa mtoto wa mdogo wake Bibi Komeo, kijana mwenye sauti ya kuamsha mtaa, ambaye kila mtu alimwita Kipaza. Alitembea mbele ya wageni akiwa ameinua mwavuli uliofungwa, hata siku za jua kali, akimwaga historia kama anamwagilia bustani.

Miaka mia nne ilikuwa kazi yake. Msumari wa bahati nao ulikuwa kazi yake. Siku moja mgeni alimuuliza kwa nini kuna msumari mmoja mkubwa katikati ya mlango, na Kipaza, badala ya kusema kwamba mume wa mama yake mkubwa aliishiwa na misumari midogo, alisema kwamba ukiusugua mara tatu na kunuia jambo, linatimia. Ndani ya mwaka mmoja msumari ukang'aa kama pete ya harusi. Lililomuudhi zaidi Bibi Komeo ni kwamba hata wenyeji walianza. Alimkuta muuza nyama asubuhi moja akiusugua kwa macho yaliyofumbwa.

"Na wewe?" alimuuliza.

"Huwezi jua, Bibi," muuza nyama alijibu, akaondoka akitazama chini.

Wifi yake, dada wa marehemu, ambaye ni mshonaji na ulimi wake ni mkali kuliko mkasi wake, naye alikuwa na kesi yake. Siku moja katikati ya sala alipiga miayo. Mgeni mmoja akapiga picha. Sasa miayo ile iliuzwa hotelini kwenye kadi, na chini yake pameandikwa: Mjane Akilia.

"Sijawahi hata kuolewa!" mshonaji aliwaambia wateja wote, mpaka waliokuja kupunguziwa suruali. "Zamani tulisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Sasa mgeni kaja, mwenyeji kauzwa."

Hayo yote Bibi Komeo aliyameza. Barua ndiyo iliyomkwama kooni.

Ililetwa Jumatatu. Ilisema kwamba kuanzia Jumatano ufunguo utakaa Ofisi ya Utalii, na kwamba sala ya saa kumi imesogezwa hadi muda utakaotangazwa, kwa kuwa saa kumi jua huingia vizuri madirishani na wageni huipenda nuru hiyo. Kiongozi wa sala alikuwa ameshaweka sahihi. Alikuwa mtu mpole kupita kiasi, na alikuwa ameahidiwa rangi ya paa.

Alhamisi ya wiki hiyo, saa kumi, ilikuwa sala ya kutimiza mwaka tangu fundi afariki. Bibi Komeo alikuwa ameshawaambia watu wote. Alikuwa ameshafua hata mikeka.

Jumatano asubuhi alikwenda ofisini, amefunga ufunguo kwenye kitambaa safi. Bwana Ofisa alikuwa mwanamume nadhifu mwenye meza kubwa na feni ndogo. Juu ya meza palikuwa na mfano wa nyumba ya sala uliotengenezwa kwa plastiki, wa kuwekea kalamu.

"Karibu, mama, karibu sana. Nyinyi ndio hazina yetu."

"Ahsante, mwanangu. Nimekuja kuomba kesho tu. Ni sala ya mume wangu. Baada ya hapo tutazungumza."

Bwana Ofisa alifungua daftari, akaonyesha ukurasa kwa kidole kama daktari anayeonyesha uvimbe. "Kesho ndiyo haiwezekani kabisa. Nina wageni arobaini, na mkubwa wangu anakuja nao. Lakini hatuwafukuzi, mama. Salini uani. Tena mkija na nguo zile za zamani, wageni watafurahi."

"Nguo zipi za zamani?"

"Zile... za asili."

"Gauni hili lina miaka tisa," Bibi Komeo alisema. "Linatosha?"

Bwana Ofisa alicheka peke yake. Bibi Komeo alifungua kitambaa, akauweka ufunguo mezani taratibu, kama anayemlaza mtoto.

"Barua yenu inataka ufunguo. Ufunguo huu hapa. Niwekee sahihi kwamba umeupokea." Ofisa akaweka sahihi. "Kuna la kuniuliza kuhusu mlango?"

"Mama, usijali. Tuna wataalamu."

"Una hakika? Nipo hapa, sina haraka."

"Wataalamu, mama," Bwana Ofisa alirudia, akiwa ameshageukia simu.

Bibi Komeo alitoka nje, akasimama kizingitini, akamshukuru Mungu kwa kuwaumba wataalamu.

Alhamisi, saa tisa na nusu, waumini walijaa mbele ya nyumba ya sala. Hawakwenda uani. Walitandika mikeka iliyofuliwa pale pale mbele ya ngazi, kushoto na kulia, wakaacha njia nyembamba ya heshima katikati. Mshonaji alikuja na pazia refu alilokuwa hajalimaliza kulipinda, akaketi na kuendelea kushona.

"Wifi, leo nipige miayo au nisipige?"

"Piga uchoke. Leo tunalia kweli, wataandika unacheka."

Mabasi yakafika. Kipaza akashuka kwanza na mwavuli wake, lakini alipomwona mama yake mkubwa kwenye mkeka wa mbele, mwavuli ulishuka kidogo.

"Mama Mkubwa, shikamoo."

"Marahaba, mwanangu. Fanya kazi yako."

Bwana Ofisa alikuja nyuma na mkubwa wake, mtu mnene aliyekuwa akijipepea kwa kijitabu chenye picha ya mlango. Wageni arobaini wakasimama na kamera zao. Ofisa akautoa ufunguo mfukoni, akauinua watu waone, akautia kwenye kitasa.

Haukuingia. Akaugeuza, ukaingia, akauzungusha kama watu wanavyozungusha funguo duniani kote. Akasukuma. Akasukuma tena kwa bega. Ndani ya kitasa kitu kikalia "gru", na Bibi Komeo akajua kwamba ulimi umeuma.

"Una kutu," Ofisa aliwaambia wageni kwa tabasamu. "Miaka mia nne!"

Wageni wakacheka kwa adabu. Akaja dereva wa basi la kwanza, kisha wa la pili, kisha wote wawili kwa pamoja. Walisukuma hadi mishipa ya shingo ikawasimama. Kila waliposukuma, mlango ulizidi kutulia, kama mzee aliyeamua kutohama.

"Sukumeni kidogo, jamani, mnaubembeleza!" mshonaji alipiga kelele. "Usugueni msumari, mnuie!"

Waumini wakaangua kicheko. Mgeni mmoja mwema, ambaye hakuelewa kitu, alikwenda kweli kuusugua msumari mara tatu. Haukusaidia.

Bwana Ofisa alimgeukia Kipaza. Jasho lilikuwa limeshavuka kola. "Wewe umekulia hapa. Fungua!"

Hapo Bibi Komeo akaacha kucheka. Kijana huyu alilelewa nyumbani kwake. Akiwa mdogo alikuwa akining'inia kwenye pete ile ile, akihesabu kwa sauti: vuta, inua, "ka!", sukuma. Mlango ulikuwa na siri moja tu, na siri hiyo sasa ilisimama mbele yake ikiwa imevaa kofia ya Ofisi ya Utalii na kutegemea mshahara wake.

Kipaza alipokea ufunguo. Alimtazama mama yake mkubwa, akatazama mikeka, akatazama mlango. Kisha akautia ufunguo, akauzungusha kama alivyouzungusha Ofisa, na kusukuma kwa nguvu zake zote akiguna kama anayejifungua.

"Haufunguki, bosi," alisema. Kwa mara ya kwanza maishani mwake, alisema kwa sauti ndogo.

Bibi Komeo akatazama pembeni, akajifanya mdudu kamwingia jichoni.

"Leteni mtaimbo," alisema yule mkubwa mnene. "Vunja."

Dereva mmoja akautoa kwenye basi. Bibi Komeo aliinuka, akapangusa gauni, akaenda hadi penye kibao. Alianza kusoma kwa sauti, polepole, kama mwanafunzi aliyeitwa mbele ya darasa: "Ni kosa la jinai kuukwaruza, kuuvunja, kuubadilisha, au kuugusa kwa chombo chochote. Imeandikwa lugha nne, Bwana Ofisa. Wageni wako wote wamesoma. Wengine wanasoma sasa hivi."

Ni kweli, walikuwa wanasoma. Mgeni mmoja alianza kutikisa kichwa akiutazama mtaimbo, mwingine akainua kamera.

Bwana Ofisa akamsogelea, akanong'ona: "Mama, wewe na mimi tunajua mlango huu si wa miaka mia nne."

"Najua. Waambie basi. Niko nawe, mwanangu, sitakuacha peke yako. Mimi nitaeleza habari za kitanda."

Ofisa aliwatazama wageni, akamtazama mkubwa wake, akakitazama kile kijitabu chenye picha.

"Unataka nini?"

"Saa kumi imefika. Nataka kumwombea mume wangu ndani ya nyumba aliyoitilia mlango. Leo na kila siku, sala kwanza, saa yake ile ile. Wageni wakitaka kuingia nasi, karibu, Mungu hachagui. Viatu nje, kamera kikapuni, na waketi chini kama watu. Wasiotaka, wangoje hapa. Sisi tumekuwa tukingoja mabasi yenu miaka mitano, na hatukufa."

"Sawa," Ofisa alisema kwa ncha ya ulimi.

"Sikusikia."

"Sawa, mama!"

"Kipaza, waambie wageni. Hiyo ndiyo kazi ya sauti yako."

Kipaza akatupa mwavuli begani, akawatangazia kwa lugha mbili. Wachache walinung'unika wakarudi kwenye mabasi. Wengi walivua viatu. Aliyesugua msumari alikuwa wa kwanza kutia kamera yake kikapuni, akitabasamu, pengine akidhani amejibiwa.

Bibi Komeo aliupokea ufunguo kwa Kipaza, akapanda ngazi. Mshonaji akamfuata, akalifunua pazia na kulinyoosha kwa mikono miwili nyuma ya wifi yake, kutoka shingoni hadi visiginoni. Bwana Ofisa aliinama kushoto, pazia likainama kushoto. Aliinama kulia, pazia likaenda kulia.

"Unachungulia nini, mwanamume mzima?" mshonaji alimuuliza.

Nyuma ya pazia Bibi Komeo aliutia ufunguo, meno juu, akauzungusha kinyume. Akavuta. Goti lilimuuma, maana halikuwa tena goti la miaka thelathini iliyopita, lakini likaingia chini ya ubao wa kitanda chake cha harusi na kuinua.

Ka!

"Ahsante, baba watoto," alisema kimoyomoyo. "Na ungerekebisha kesho, ningekushangaa."

Walimwombea fundi kwa utaratibu wote, jua likiingia madirishani kama barua ilivyosema, na hakuna aliyelipiga picha. Kiongozi wa sala aliongoza kwa sauti iliyokuwa na nguvu kuliko siku zote. Huenda alikuwa anaisahau ile rangi ya paa.

Walipotoka, Bwana Ofisa alikuwa bado ameketi kwenye ngazi. Bibi Komeo aliufunga mlango, akamwekea ufunguo kiganjani.

"Mama, chukua tu," Ofisa alisema kwa unyonge. "Kaa nao wewe."

"Hapana, mwanangu. Nina sahihi yako, ufunguo unakaa ofisini kwako." Alishuka ngazi moja, akageuka. "Lakini sala ni saa kumi kila siku, na kutoka kwako hadi hapa ni mwendo wa nusu saa kwa miguu. Ondoka mapema. Ukichelewa kuuleta, tutakuandikia barua."