Mtoto wa Mwalimu

Koinet aliposimama mbele ya kanisa kule Kajiado kusoma somo la Jumapili, hakukosea hata neno moja. Alisoma kwa Kimaa, lugha ya Wamasai, sauti imenyooka, akitua panapostahili kutuliwa, na bibi yake, ambaye watoto wote wa boma walimwita Koko, alipiga kigelegele hata kabla hajamaliza. Watu wakapiga makofi. Mama yake, Soipan, alikuwa ameketi benchi la mbele, karibu na pale mtoto aliposimama, na pengine ni yeye peke yake aliyeona kwamba macho ya mwanawe hayakuwa yakitembea. Yalikuwa yametulia mahali pamoja, kama ya mtu anayeota moto. Na Biblia aliyoishika ilikuwa imefunguliwa katikati kabisa, kwenye Zaburi, ilhali somo la siku hiyo lilikuwa la Injili, huko mbele kwenye Agano Jipya.

Soipan alipiga makofi kama wengine.

Jioni hiyo, waliporudi nyumbani kwao Kitengela, alitoa kitabu cha hadithi cha watoto wa gredi ya kwanza akakiweka mezani. Koinet alikuwa gredi ya nne.

"Nisomee hapa."

"Niko na usingizi, Mama."

"Mstari mmoja tu."

Mtoto akautazama ukurasa, kisha akatazama picha iliyokuwa juu yake, mwanamke na ndoo. "Mama anaenda kuchota maji," akasema. Maandishi yalisema mama anafua nguo.

"Na kule kanisani?"

"Koko alinisomea jana. Mara mbili."

Alisema hivyo bila kuona haya, kama mtu anayeeleza njia aliyopita kufika sokoni. Soipan akafunga kitabu, akamwambia aende akalale.

Alikuwa amefundisha watoto wa watu kusoma kwa miaka mingi. Kulikuwa na vijana wenye ndevu pale Kitengela waliomsimamisha barabarani kumwambia kwamba herufi walifundishwa na yeye. Na mtoto wake mwenyewe alikuwa kwenye shule hiyo hiyo, chumba cha tatu kutoka darasa lake, wakipishana mlangoni wakati wa chai. Asubuhi walitoka pamoja kukiwa bado giza, jioni wakarudi pamoja giza likiingia. Yeye alikuwa na madaftari ya kusahihisha, mtoto akila huku anasinzia, na kazi ya nyumbani alikuwa akiinakili kutoka kwa mwenzake darasani kabla ya kengele. Soipan alijaribu kukumbuka ni lini mara ya mwisho alimsikiliza akisoma. Hakukumbuka.

Kesho yake alimtafuta Musila, mwalimu wa darasa la Koinet, akamkuta chumba cha walimu ameinamia rundo la karatasi. Musila hakuwa mtu mbaya. Darasa lake lilikuwa na watoto zaidi ya sitini, na wale wa nyuma walikaa watatu watatu kwenye dawati la wawili.

"Ulijua?" Soipan alimwuliza.

Musila akaweka kalamu chini. "Nilishuku. Lakini wewe ni mwalimu, nikadhani unajua, na uko na mpango wako." Akajisugua macho. "Huyo wako hasumbui mtu. Akiulizwa anajibu kama wenzake walivyojibu. Mimi nashinda na wale wanaopigana."

Soipan hakuweza kumkasirikia. Yeye pia alikuwa na watoto wa namna hiyo darasani mwake, wale wanyamavu ambao alimshukuru Mungu kwa ajili yao, kwa sababu hawaongezi kazi. Alirudi darasani siku hiyo akiwatazama mmoja mmoja, na kichwa kikamuuma mpaka kengele ya mwisho.

Muhula ulipokwisha akaacha kazi. Mumewe, Nelson, alikuwa msimamizi wa upakiaji kwenye shamba la maua kule Isinya, mtu wa kusimama siku nzima kwenye baridi ya chumba cha maua na kurudi nyumbani magoti yanamuuma. Alimsikiliza mkewe akiwa amelaza miguu juu ya stuli.

"Umfundishe hapa nyumbani? Peke yake?"

"Peke yake."

"Utachoka, Mama Koinet."

"Nimeshachoka. Angalau nichokee wangu."

Nelson alisema tu kwamba watu watauliza, na kweli waliuliza. Jirani yao Wahu alipomwona Koinet uani siku ya shule alisimama kwenye geti na kuuliza kwa sauti ya chini kama mtoto ni mgonjwa, au amefukuzwa. Koko, mama mkwe wake, alipiga simu kutoka Kajiado: "Yaani mwalimu mzima anamtoa mtoto shule?"

Miezi ya kwanza haikumpa Soipan jibu la kuwapa. Alikuwa ametundika ubao sebuleni, akapanga ratiba, akaamka mapema kama zamani. Koinet aliketi wima mezani, mikono juu ya daftari. Akitaka kunywa maji aliinua mkono kwanza, nyumbani kwao, mbele ya mtungi wao. Soipan alimwambia asiinue mkono, lakini sauti aliyomwambia nayo ilikuwa ile ya kufikia dawati la mwisho, na mtoto akazidi kujikunyata. Neno alilolijua leo lilikuwa limepotea kesho. Kufika saa nne alilalamika tumbo. Soipan akirudia herufi ile ile mara ya kumi, Koinet alikuwa akimtazama mdomo wake, siyo ubao, akitafuta kubahatisha jibu analolitaka mama.

Kulikuwa na kuku pia wa kulisha, na mayai ya kupeleka dukani, na nguo, na chakula. Siku moja alimpigia mtoto kelele mpaka sauti ikakwama. Koinet hakulia. Alisema, "Pole, Mwalimu." Hakusema Mama.

Soipan akaweka chaki chini. Alitandika mkeka karibu na mlango, mahali jua lilipoingia, akajilaza, na kabla hajajua anafanya nini usingizi ukamchukua.

Alipozinduka alikuwa amefunikwa shuka la Nelson. Nje kuku walikuwa wameshapewa maji. Koinet alikuwa ameketi kizingitini akichambua sukuma wiki na kuimba wimbo wa kanisani wa Kimaa, ubeti mmoja baada ya mwingine, bila kukosea. Soipan alibaki amelala akimsikiliza. Alikuwa amemwonea haya mtoto huyu kwa kukariri, na sasa, akiwa amechoka mno hata kuona haya, alisikia tu jinsi mtoto alivyoshika kila neno mahali pake.

Aliinuka akaleta kitabu cha nyimbo kutoka kabatini, akarudi mkekani.

"Njoo hapa. Imba huo huo, lakini pole pole. Weka kidole chako hapa, na mimi nitakisogeza."

Koinet akajilaza kifudifudi karibu naye. Akaimba, kidole kikitembea chini ya maneno. Mara ya kwanza hakuona kitu. Mara ya pili akaacha kuimba katikati ya mstari.

"Hii ndiyo Enkai?"

"Ndiyo. Hiyo ndiyo Mungu."

"Basi hii pia ni Enkai." Akashuka chini ya ukurasa. "Na hii. Na hapa." Akafungua ukurasa mwingine, wa wimbo asioujua, akaikuta huko pia, akacheka. Soipan hakuwa amemsikia akicheka juu ya kitabu tangu alipozaliwa.

Tangu siku hiyo ubao ulikaa bila kuandikwa kitu kwa muda mrefu. Walisoma wamelala. Walianza na nyimbo alizozijua, kwa lugha aliyoisikia kwa Koko, kisha wakaingia Kiswahili, na Kiingereza kikaja nyuma kikikokota miguu. Haikuwa haraka. Kulikuwa na wiki nzima zilizopita bila jipya, na Soipan akikaa jikoni akijiuliza kama amemharibia mtoto maisha. Lakini nyumba ilikuwa imebadilika. Hakuna aliyefokewa gizani avae soksi. Koinet alilala mpaka akatosheka. Katikati ya wiki, siku watoto wengine wakiwa darasani, waliweza kwenda Kajiado kushinda na Koko, na mtoto akainamisha kichwa ili wazee wamguse kumsalimu, akakaa nao, akauliza maswali mpaka wakamchoka. Nelson naye alikuwa akirudi kutoka zamu na kumkuta mwanawe macho, ana ya kusimulia. Walikula wote watatu. Zamani hilo lilikuwa jambo la Krismasi.

Mwaka ulipokaribia kwisha, mwalimu mkuu wa shule yake ya zamani, Bi. Linda, alikuja mwenyewe. Alikunywa chai, akasifu kuku, kisha akasema nafasi ya Soipan imebaki wazi. "Na umlete Koinet. Sasa anasoma, sivyo? Kazi umeshaimaliza."

Soipan alitamani kukubali pale pale. Alikumbuka chumba cha walimu, soga za saa ya chai, kuvaa viatu vizuri asubuhi, kuongea na watu wazima. Alikuwa amechoka kwa namna ambayo usingizi haukuiondoa. Aliomba siku chache za kufikiria.

Bi. Linda alipoondoka, alimwuliza mtoto.

Koinet alifikiria akikwangua udongo kwenye goti. "Mpira ninautaka," akasema. "Lakini kusoma, hapana. Huko wanakuuliza kitu halafu hawakungoji. Kabla sijafika, mwingine ameshajibu."

"Na hapa?"

"Hapa unakasirika," akasema, "lakini unangoja."

Soipan aliosha vikombe vya wageni polepole kuliko vilivyohitaji. Kisha akampigia Bi. Linda simu, akamwambia hapana, bado, na akamwomba ruhusa mtoto awe anakuja kucheza mpira na wenzake Ijumaa alasiri. Bi. Linda alicheka, akakubali.

Usiku Nelson aliposikia, alimtazama mkewe alivyokuwa akisugua sufuria akiegemea sinki kwa uchovu.

"Nipe hesabu," akasema. "Jumamosi. Mimi ndiye nitakuwa namfundisha."

"Uko na magoti."

"Hesabu haifundishwi na magoti."

Jumamosi, baada ya chai, baba na mwana waliketi uani na katoni tupu za maua. Nelson alieleza kugawanya kwa jinsi alivyokuwa akiwaeleza vijana wa kazini, haraka na kwa mikono mingi, na Koinet akamwambia haelewi, na Nelson akasema ni rahisi, na Koinet akasema si rahisi kama mtu haelewi. Sauti zao zikapanda. Katoni ikaanguka. Soipan alikuwa amejilaza chumbani mlango ukiwa wazi kidogo, akisikia kila neno, na mara mbili alikuwa karibu kuinuka aende akawaonyeshe. Hakuinuka. Alivuta shuka mpaka mabegani, akageukia ukutani, awaache wangojane wenyewe.